Akili Ipo, Mpinzani Yuko Wapi?

     Msikilizaji mpendwa, mazungumzo ya jioni hii nimeyaandaa nikiwa na watoto wa kata ya Sibwesa, hapa Katavi, moyoni.

Leo tunazungumza juu ya sataranji, mchezo ambao vijana wengi wanauita chesi. Tutawataja mabingwa wake, tutaeleza walikotokea, makombe na medali walizopata, na mwisho tutaulizana: je, bingwa wa namna hiyo anaweza kutoka kwetu?

Kwanza tuelewane kuhusu mchezo wenyewe. Unaujua ubao wa drafti? Ule wa miraba nane kwa nane, unaochorwa kwenye kipande cha mbao na kuchezwa kwa vizibo vya soda pale kijiweni? Basi ubao wa sataranji ni uleule. Tofauti iko kwenye kete. Katika drafti kete zote hutembea namna moja hadi moja ipate kingi. Katika sataranji kila kete ina mwendo wake: kuna mfalme, malkia, ngome, askofu, farasi na askari. Kazi yako ni kumbana mfalme wa mwenzako mpaka asiwe na pa kukimbilia. Hakuna bahati nasibu, hakuna nguvu za mwili. Ni fikra yako na fikra ya aliyeketi mbele yako.

Sasa shika sentensi moja, msikilizaji, kwa sababu nitairudia tena na tena jioni hii: akili ipo kila mahali, lakini mpinzani hayupo kila mahali. Ukiielewa sentensi hiyo, umeielewa historia yote ya mabingwa nitakaowataja.

Tuanze na jirani zetu wa Uganda. Pale Kampala kuna mtaa unaoitwa Katwe, mtaa wa watu wenye maisha magumu, ambao mvua ikizidi maji huingia majumbani. Kijana mmoja aitwaye Robert Katende alikuwa akifanya kazi huko na shirika la Sports Outreach, akiwafundisha watoto mpira wa miguu. Aliona kwamba wapo watoto wasiocheza mpira, wanaokaa pembeni tu wakitazama. Mwaka 2004 akawaletea ubao wa sataranji. Na waliokuja kucheza aliwapa uji.

Mwaka uliofuata, 2005, alifika pale binti wa miaka tisa hivi, Phiona Mutesi. Baba yake alikuwa ameshafariki. Shule alikuwa ameiacha kwa kukosa ada. Alikuwa akisaidia familia kwa kuuza mahindi. Siku hiyo alimfuata kaka yake akijua kwamba huko aendako kuna chakula. Alikuta watoto wameinamia ubao, kimya. Na unajua ni nani aliyemfundisha mwendo wa kila kete? Katende alimkabidhi kwa mtoto mdogo kuliko yeye, binti wa miaka minne aitwaye Gloria. Mtoto wa miaka minne ndiye mwalimu wa kwanza wa bingwa!

Phiona alianza kwa kushindwa. Alishindwa na wavulana, akarudi kesho yake, akashindwa, akarudi tena. Baadaye akaanza kuwashinda. Akawa bingwa wa wasichana wa Uganda. Mwaka 2009 alikwenda Juba pamoja na wavulana wawili wa Katwe, Ivan Mutesasira na Benjamin Mukumbya, kwenye mashindano ya kimataifa ya watoto wa Afrika. Watoto hao watatu wa Katwe wakarudi nyumbani na ubingwa.

Mwaka 2010 Phiona akasafiri hadi Khanty-Mansiysk, huko Siberia nchini Urusi, kucheza Olimpiadi ya sataranji. Huko alikaa mbele ya wanawake waliofundishwa na makocha tangu utotoni, na alishindwa michezo kadhaa. Lakini miaka miwili baadaye, kwenye Olimpiadi ya Istanbul, Uturuki, yeye na mwenzake Ivy Amoko walifanya vizuri kiasi cha kupewa cheo cha masta mgombea wa wanawake, ngazi ya kuanzia katika vyeo vya kimataifa vya mchezo huu.

Mwaka 2016 maisha yake yalitengenezewa filamu, Queen of Katwe, na Mkenya Lupita Nyong'o akaigiza kama mama yake. Wengi tunamfahamu Phiona kwa filamu hiyo. Lakini nataka tutazame zaidi ya filamu. Phiona na Benjamin walipata nafasi ya kusoma chuo kikuu nchini Marekani. Mabinti wangapi walioacha shule wakiuza mahindi wamefika huko?

Sasa jiulize, msikilizaji: Katende aliwapa nini watoto wale? Uji aliwapa, na uji ni jambo kubwa, kwa sababu mtoto mwenye njaa hawezi kutulia mbele ya ubao. Lakini aliwapa kitu kingine tena. Aliwapa wao kwa wao. Kila siku Phiona alikuta mtu wa kumpima. Yule aliyemshinda leo alikuwepo kesho. Akili alikuja nayo mwenyewe, wapinzani aliwakuta pale.

Tuvuke bahari kidogo. Huko Hungaria, Ulaya, walizaliwa mabinti watatu wa familia ya Polgár: Susan, Sofia na Judit. Wazazi wao waliwafundishia nyumbani, na sataranji ikawa somo la kila siku. Mwaka 1988 mabinti hao watatu, pamoja na mwenzao Ildikó Mádl, waliiletea Hungaria medali ya dhahabu ya Olimpiadi ya wanawake, wakiwapita Wasovieti ambao walikuwa wakitawala mchezo huo. Judit, mdogo wao, alikuwa na miaka 12 tu. Mwaka 1990 wakarudia.

Judit akaendelea. Alipata cheo cha grandmasta, ambacho ndicho cheo cha juu kabisa, akiwa na miaka 15. Mwaka 2002 alimshinda Garry Kasparov, mchezaji aliyekuwa na kiwango cha juu kuliko wote duniani wakati huo. Akafika nafasi ya nane duniani, wanaume na wanawake kwa pamoja. Hakuna mwanamke mwingine aliyefika hapo.

Watu husema Judit alizaliwa na kipaji. Mimi nasema: tazama alilelewa katika nyumba gani. Ndani ya nyumba ileile alikuwa na dada wawili wenye nguvu, waliomshinda kila siku mpaka akajifunza kuwashinda. Hakusubiri mashindano yatangazwe ndipo apate mpinzani, kwa kuwa alikula naye meza moja. Ndiyo maana narudia: akili ipo kila mahali, lakini mpinzani hayupo kila mahali.

Na sasa, ndugu zangu wa vijijini, nisikilizeni vizuri hapa. Nawaletea habari za mtu wa kijijini. Jina lake Sultan Khan. Alizaliwa Punjab, eneo ambalo leo liko Pakistan. Utotoni alijifunza sataranji kwa kanuni za Kihindi, ambazo zilitofautiana kidogo na zile za Ulaya. Tajiri mmoja mwenye cheo, Sir Umar Hayat Khan, alimfadhili, akampatia watu wa kumfundisha kanuni za Ulaya, na mwaka 1929 akampeleka London.

Sultan Khan hakuwa amesoma vitabu vya mchezo huo kama wapinzani wake. Lakini mwaka huohuo wa 1929 akatwaa ubingwa wa Uingereza. Akautwaa tena mwaka 1932, na tena mwaka 1933. Kwenye mashindano ya Hastings, mwisho wa mwaka 1930, alimshinda José Raúl Capablanca wa Cuba, mtu aliyekuwa bingwa wa dunia miaka michache kabla yake. Akaichezea Uingereza katika Olimpiadi tatu.

Kisha nini kikatokea? Mwisho wa mwaka 1933 mfadhili wake alirudi nyumbani, na Sultan Khan akarudi naye. Mchezo wake mkubwa ukaishia hapo. Akaishi kama mkulima hadi alipofariki mwaka 1966. Mwaka 2024 ndipo Shirikisho la Sataranji la Dunia, FIDE, likampa cheo cha grandmasta cha heshima, zaidi ya nusu karne baada ya kifo chake.

Msikilizaji, akili ya Sultan Khan ilipotea? Hapana. Alirudi nayo shambani. Waliobaki London ni wapinzani. Kwa miaka minne hivi aliwekwa mbele ya watu wenye nguvu, naye akawa miongoni mwa wachezaji bora duniani. Alipoachana nao, dunia haikumsikia tena. Habari za mtu huyu hunigusa kila ninapozifikiria, kwa sababu najiuliza: ni akina Sultan Khan wangapi wanalima leo mpunga na mahindi hapa Katavi, na hakuna hata mmoja aliyewahi kuwekewa ubao?

Labda yupo anayesema: hao ni Wahungaria na Wahindi, Mwafrika je? Haya, tuje kwetu Afrika.

Mwaka 2002, kwenye Olimpiadi ya Bled, nchini Slovenia, Mzimbabwe Robert Gwaze alicheza meza ya kwanza ya timu yake. Meza ya kwanza ndipo kwa kawaida nchi huweka mchezaji wake mwenye nguvu zaidi. Gwaze alicheza michezo tisa. Akashinda mingapi? Yote tisa! Akavishwa medali ya dhahabu ya meza hiyo. Mwaka 2007 akawa bingwa wa Afrika.

Mzambia Amon Simutowe, jirani yetu wa kule kusini, alikuwa grandmasta wa kwanza kutoka nchi za kusini mwa Sahara. Hapa nieleze kidogo cheo hiki kinavyopatikana, kwa sababu ndipo penye kiini cha mazungumzo yetu. Kwa kawaida ni lazima ucheze kwa kiwango cha grandmasta katika mashindano matatu, na miongoni mwa wapinzani wako wawemo magrandmasta wenyewe, na watoke nchi mbalimbali. Tena alama zako za kiwango zifike 2500. Sasa kama nchi yako haina grandmasta, na jirani zako hawana, utakutana nao wapi? Lazima usafiri. Lazima upate nauli, viza, malazi. Simutowe alimalizia sharti lake la tatu nchini Uholanzi, mwaka 2007. Unaona? Akili ilitoka Zambia, ikabidi iwafuate wapinzani Ulaya.

Kenny Solomon wa Afrika Kusini alitokea Mitchells Plain, kitongoji cha Cape Town chenye shida nyingi. Alivutwa kwenye mchezo na kaka yake, aliyechaguliwa kwenda kucheza Olimpiadi ya mwaka 1992. Mwaka 2014 Solomon alitwaa ubingwa wa Afrika kule Windhoek, Namibia, na ushindi huo ukampa ugrandmasta, akawa wa kwanza nchini mwake. Kaskazini yuko daktari wa tiba wa Misri, Bassem Amin, aliyekuwa bingwa wa Afrika mara kadhaa. Akawa Mwafrika wa kwanza kuvuka alama 2700, kiwango cha vigogo wa dunia. Na Uganda, nchi ya Phiona, wameshampata masta wa kimataifa, cheo kinachofuata chini ya grandmasta. Wa kwanza wao alikuwa Elijah Emojong, na wengine wakamfuata.

Mnaona jambo hilo? Anapotokea mmoja, wengine hufuata. Kwa nini? Kwa sababu yule wa kwanza anakuwa mpinzani wa wenzake. Huna haja tena ya kupanda ndege kukutana na mwenye nguvu, maana unaishi naye mji mmoja.

Ushahidi mkubwa kuliko wote uko India. Mwaka 1988 Viswanathan Anand, aliyekulia mji wa Chennai, alikuwa grandmasta wa kwanza wa India, nchi yenye mamilioni na mamilioni ya watu. Wa kwanza kabisa! Baadaye akawa bingwa wa dunia. Watoto wa Chennai wakamtazama, wakajaza vilabu, wakashindana wao kwa wao. Leo India ina magrandmasta zaidi ya 80. Na mwezi Desemba mwaka 2024, kule Singapore, kijana Gukesh Dommaraju akamshinda Mchina Ding Liren, akawa bingwa wa dunia akiwa na miaka 18. Gukesh naye anatoka wapi? Chennai, mji uleule wa Anand.

Basi, msikilizaji, tukusanye tuliyosema. Phiona alipata wapinzani kwa mwalimu mmoja mwenye sufuria la uji. Judit aliwapata nyumbani. Sultan Khan aliwapata kwa miaka michache, kisha akawakosa. Simutowe aliwafuata ng'ambo. Gukesh aliwakuta mjini kwao. Njia ni tofauti, jambo ni moja.

Sasa twende Sibwesa. Mtoto wa Sibwesa atampata wapi mpinzani?

Tanzania inapeleka timu kwenye Olimpiadi ya sataranji, na mashindano ya taifa yapo. Lakini kutoka Sibwesa hadi Mpanda ni safari, na kutoka Mpanda hadi Dar es Salaam, kwa treni au kwa basi, ni safari kubwa zaidi. Hatuwezi kuanza kwa kumpeleka mtoto Dar es Salaam. Tuanze kwa kumtengenezea mpinzani palepale alipo. Nina mambo manne.

La kwanza, vifaa. Ubao mnao, ni ule wa drafti. Kete zinaweza kuchongwa kwa mti, kufinyangwa kwa udongo, hata kukatwa kwenye boksi gumu na kuandikwa majina. Kete 32 zinatosha watoto wawili, na wengine wakitazama wanajifunza.

La pili, mwalimu. Usiseme hatuna bingwa wa kutufundisha. Mwalimu wa kwanza wa Phiona alikuwa mtoto wa miaka minne! Mwalimu mmoja wa shule ya msingi, au kijana mmoja aliyerudi kutoka chuo, akijua mwendo wa kete anatosha kuanzisha. Na ninyi wazee mnaocheza bao, mnaojua kuhesabu kete mbali kabla ya kucheza, msikae mbali. Kufikiri hatua tano mbele mmekuwa mkikufanya siku zote. Wafundisheni wajukuu zenu subira hiyo.

La tatu, na hili ndilo kubwa: mashindano. Tazameni UMITASHUMTA, michezo ya shule za msingi, inavyofanya kwa mpira na riadha. Shule inashindana na shule, kata na kata, wilaya na wilaya, mpaka mkoa, mpaka taifa. Mtoto mwenye mbio anaonekana kwa sababu amepangiwa wa kukimbia naye. Kwa nini shule za Sibwesa zisialikane na za kata za Kasekese, Katuma na Mwese, Jumamosi moja baada ya mavuno? Wakati wa kiangazi barabara zinapitika, mahindi na mpunga viko ghalani, watoto wana nafasi. Kila mzazi achangie kidogo cha uji. Anayeshindwa aandike michezo yake kwenye daftari, hatua kwa hatua, kama wafanyavyo mabingwa, akaitazame upya nyumbani aone ni wapi alikosea. Anayeshinda akutane na mshindi wa kata nyingine. Na kijana mwenye simu apakue programu ya bure kama Lichess. Akiwa na mtandao atakutana na wapinzani wa dunia nzima, na mtandao ukikatika atacheza na simu yenyewe.

La nne, mabinti. Nawaomba wazazi kwa heshima kubwa: binti asiambiwe mchezo huu ni wa kaka zake. Phiona alikuwa binti. Judit alikuwa binti. Kambini Kakuma, kule Kenya, FIDE na shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa walianzisha mwaka 2021 mradi wa kuwafundisha wasichana wakimbizi sataranji. Kama mchezo umefika kambini, utashindwaje kufika kijijini kwetu? Muda wa saa moja wa kukaa mbele ya ubao baada ya kuteka maji na kuosha vyombo, binti apewe. Na kaka yake naye ashike ndoo.

Je, kila atakayecheza atakuwa bingwa wa dunia? Hapana, na sitaki kumdanganya mtu. Wengi wa watoto wa Katwe hawakupata medali. Lakini mtoto aliyezoea kutulia, kupima kabla ya kugusa, kushindwa leo na kurudi kesho bila kumchukia aliyemshinda, mtoto huyo amepata kitu ambacho kitamfaa darasani, sokoni na ndani ya ndoa yake. Medali ikija, tutaishangilia pamoja.

Msikilizaji, muda wetu unakaribia kwisha. Nirudie kwa mara ya mwisho: akili ipo kila mahali, lakini mpinzani hayupo kila mahali. Akili Mungu ameshaigawa, Sibwesa ipo tele. Kumleta mpinzani ni kazi yetu sisi watu wazima: mwalimu mkuu, mtendaji wa kata, mzazi, mchungaji, shehe, na kijana mwenye simu.

Kwa hiyo naomba kila mwalimu anayenisikiliza jioni hii afanye jambo moja. Wiki ijayo achore ubao mmoja, awakalishe watoto wawili, na siku ile ile amwandikie mwalimu mwenzake wa shule ya jirani: tunao wachezaji wawili, ninyi mnao wangapi, na tukutane lini? Jibu likipatikana, mashindano yameshaanza.